Masale hayakuandikwa

Siku mjomba wangu aliposhindwa kesi ya mpaka wa shamba Mahakama Kuu, Moshi, mwaka 2019, hatukusemeshana mpaka tulipofika stendi. Alikuwa ameshika kofia mkononi tangu tulipotoka mahakamani, kama mtu anayetoka msibani. Tulipokwisha kukaa kwenye Hiace ya kwenda Kibosho ndipo aliponigeukia: "Mwanangu, hivi yule jaji hakuona kwamba yale masale ya mpakani yalipandwa na baba yangu?"

Wakati huo nilikuwa nimechapa mienendo ya mashauri, yaani kumbukumbu za yanayosemwa mahakamani, kwa miaka 22, katika mahakama za mikoa mitatu. Jibu nilikuwa nalo, ila lilinikwama kooni. Mwisho nikamwambia, "Mjomba, jaji amesoma kila kilichomo kwenye jalada. Masale hayamo."

Sasa nimestaafu, nimerudi nyumbani, na hazipiti wiki mbili bila mtu kunipigia simu akiniambia maneno yale yale: tumeshindwa kwenye baraza la ardhi, lakini si kitu, tutakata rufaa, huko juu kuna majaji wanaojua sheria. Ni kweli wanajua sheria. Lakini anayenipigia anafikiri anakwenda kusimulia kisa chake upya mbele ya watu wenye busara zaidi, na hakuna atakayemwita asimulie. Hilo ndilo linaloniuma, na ndiyo sababu ya kuandika haya yote.

Kwa wasioijua Kilimanjaro: kihamba ni shamba la ukoo, penye migomba, kahawa na makaburi ya wazee. Isale ni mmea wenye majani marefu unaopandwa mpakani. Mstari wa masale ukishaota, watu wanauheshimu, na mtu hang'oi isale la mwenzake akalala usingizi. Mgogoro wa mjomba na jirani yake ulikuwa juu ya kipande cha upana wa hatua 12 hivi, kati ya mfereji na mstari wa masale. Mjomba alisema baba yake alimwazima baba wa jirani kipande kile ili alime majani ya ng'ombe. Jirani alisema babake alipewa moja kwa moja. Simtuhumu jirani kwamba alisema uongo. Nadhani alisema alichosikia kwa baba yake, kama mjomba alivyosema alichosikia kwa wake.

Shauri lilianzia Baraza la Kata mwaka 2014. Enzi hizo mabaraza ya kata yalikuwa na mamlaka ya kuamua migogoro ya ardhi isiyozidi thamani ya shilingi milioni 3. Wajumbe walikuwa wasiopungua wanne na wasiozidi wanane, watatu kati yao wakiwa wanawake, na wakili hakuruhusiwa kusimama mle. Mjomba alijisemea mwenyewe. Mimi nilikuwa kazini mkoa mwingine, na sikujua lolote mpaka mambo yalipokwisha kuharibika.

Alikuwapo mtu mmoja aliyeona masale yakipandwa: shangazi wa mjomba, ambaye sote tulimwita Bibi. Akiwa msichana alishika miche huku kaka zake wakichimba. Mjomba hakumpeleka barazani. Nilipomuuliza baadaye, alinijibu kwa upole kabisa: "Magoti yalikuwa yanamsumbua. Nikasema nisimchoshe kwa baraza hili dogo, nitampeleka huko juu, mahakama yenyewe." Jirani alileta mashahidi watatu, mmoja wao mzee wa kanisa. Wazee wetu walisema asiyekuwapo na lake halipo, na siku ile Bibi alikuwa nyumbani anaanika maharage.

Nililisoma lile jalada baadaye, na nililisoma kwa jicho la mtu aliyechapa mamia ya majalada. Lilikuwa na kurasa tisa za mkono. Mjomba anasema alizungumza karibu saa nzima, akaeleza ukoo, mfereji, mwaka wa njaa, na maneno ya babake kabla hajafa. Katibu wa baraza aliandika hivi: "Mdai alieleza kuwa eneo ni lake tangu enzi za baba yake." Mstari mmoja na nusu. Baraza lilikwenda hadi shambani, wajumbe wakasimama kwenye masale, mmoja akayashika kwa mkono na kusema haya ni ya zamani. Jalada linasema: "Baraza lilifika eneo la mgogoro na kujionea." Walijionea nini, nani aliwaonyesha, mstari umesimama wapi, hakuna hata neno.

Wengi hawajui kwamba Mahakama Kuu haikuwa tumaini lake la kwanza. Kutoka kata, rufaa ilikwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, na sheria ya mahakama za migogoro ya ardhi, kifungu cha 34, ililipatia baraza hilo uwezo wa kupokea ushahidi wa nyongeza na kufanya uchunguzi lilipoona inafaa. Mlango ulikuwa wazi. Bibi angeweza kuombewa asikilizwe pale, kwa magoti yake yale yale. Lakini aliyemwandikia mjomba rufaa, kijana mmoja mwenye kompyuta karibu na stendi, aliweka sababu tatu, na zote zilisema kwamba baraza "lilikosea kisheria na kimantiki". Hakuomba ushahidi wa nyongeza. Hakutaja masale. Baraza la Wilaya likakubaliana na kata. Mwaka 2017 Bibi akafariki, tukamzika mita chache kutoka kwenye mpaka wenyewe.

Kwa hiyo shauri lilipofika Mahakama Kuu, ilikuwa rufaa ya pili. Mabaraza mawili yalikuwa yamekwisha kusema jambo moja kuhusu nini kilitokea, na hapo kanuni inakaza sana. Katika kesi ya Amratlal Damodar Maltaser, mwenye Zanzibar Silk Stores, dhidi ya A.H. Jariwalla, mwenye Zanzibar Hotel, iliyomo kwenye ripoti za sheria za Tanzania za mwaka 1980, Mahakama ya Rufani ilisema kwamba vyombo viwili vya chini vikikubaliana juu ya ukweli wa mambo, mahakama ya rufaa ya pili haitaingilia, isipokuwa imeonekana wazi kwamba ushahidi ulieleweka vibaya, au haki ilipotoshwa, au kanuni ya sheria au utaratibu ilivunjwa. Nimelichapa jina la kesi hiyo mara nyingi kiasi kwamba vidole vyangu vinalijua. Kila nilipolifikia katikati ya hukumu, nilijua mrufani huyu anaelekea kushindwa.

Nilivyokuwa kijana kazini, kanuni hiyo ilinikera. Niliona kama majaji wanakwepa kazi. Siku iliyonibadilisha ninaikumbuka vizuri. Karani wa mahakama alikuwa mgonjwa, nikaitwa nikae chumba cha kusikilizia nimsaidie hakimu kupanga vielelezo. Shauri lilikuwa la kiwanja. Shahidi, kijana wa miaka kama 30, aliulizwa kama sahihi kwenye hati ya mauziano ni yake. Hakujibu. Alimtazama mama yake aliyekaa benchi la mbele. Mama akainamisha macho. Kijana akameza mate, akasubiri, hata saa ya ukutani tukaisikia, kisha akasema kwa sauti ndogo: "Ndiyo, ni yangu."

Wiki iliyofuata mwandiko wa hakimu uliletwa mezani kwangu, nikachapa: "Ndiyo, ni sahihi yangu." Basi. Ule ukimya haukuwa na mahali pa kuandikwa. Mama hakuwamo. Jaji ambaye angekuja kulisoma jalada lile miaka minne baadaye angekutana na shahidi aliyejibu moja kwa moja bila kusita. Hakimu ndiye peke yake aliyeona, na hukumu yake ilionyesha kwamba aliona. Nilielewa siku ile kwa nini wa juu wanasita kumwambia wa chini, "huyu uliyemwamini, mimi simwamini."

Wazo hili ni la zamani, na lilikuja kwetu kwa njia ya mahakama za Kiingereza. Kwenye kesi ya meli mbili zilizogongana, Hontestroom na Sagaporack, iliyomo kwenye ripoti za sheria za mwaka 1927, jaji Lord Sumner alisema kwamba majaji wa rufaa, kwa kutowaona mashahidi, wako katika hali duni ya kudumu wakilinganishwa na aliyesikiliza. Mwaka 1947 ikaja ya mke na mume kutoka Uskoti, Watt dhidi ya Thomas. Mke alidai talaka kwa ukatili. Jaji aliyewasikiliza wote wawili alikataa, majaji wa rufaa wakamkubalia mke, na Baraza la Malodi kule London, lililokuwa mahakama ya juu kabisa enzi hizo, likarudisha uamuzi wa yule aliyewaona kwa macho. Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki, iliyotuhudumia kabla hatujapata Mahakama yetu ya Rufani mwaka 1979, iliichukua kanuni hiyo katika kesi ya Peters dhidi ya Sunday Post mwaka 1958: mahakama ya rufaa ina uwezo wa kupima ushahidi upya, ila uwezo huo utumike kwa tahadhari.

Ila nisieleweke vibaya. Kuna upande wa pili, na mawakili wengi hawauelezi kwa wateja wao, jambo linalonisikitisha. Rufaa ya kwanza si sawa na rufaa ya pili. Katika rufaa ya kwanza, mahakama ina *wajibu* wa kuupitia ushahidi wote na kufikia hitimisho lake yenyewe. Hilo lilisemwa wazi mwaka 1968 katika kesi ya Selle dhidi ya Associated Motor Boat, iliyotoka Kenya, na mahakama za Kenya na zetu bado zinaitaja: upime upya, ufanye uamuzi wako, huku ukikumbuka kwamba hukuwaona wala kuwasikia mashahidi. Mrufani wa kwanza ana haki ya kazi hiyo kufanyika. Jaji wa rufaa ya kwanza akiandika tu kwamba haoni sababu ya kuingilia, bila kuugusa ushahidi, hilo lenyewe ni kosa la kisheria, na linaweza kupelekwa juu. Vivyo hivyo shauri likianzia Mahakama Kuu: kanuni ya 36 ya Kanuni za Mahakama ya Rufani za mwaka 2009 inaiwezesha mahakama hiyo kuupima ushahidi upya.

Nilishawahi kuchapa hukumu ya rufaa iliyotengua mambo ya ukweli kwa kurasa mbili tu. Hakimu wa chini alikuwa ameandika kwamba shahidi wa tatu wa mdai "alithibitisha kuwa alishuhudia mauziano". Jaji alifungua mwenendo, ukurasa wa 17, akanukuu maneno ya shahidi mwenyewe: "Sikuwapo siku ya mauziano. Niliambiwa na marehemu mume wangu." Hapo hakuna suala la nani alionekana mkweli. Hakimu alimlisha shahidi maneno ambayo hakuyasema, na karatasi inatosha kuonyesha hivyo. Ukurasa ule wa 17 nilikuwa nimeuchapa mimi. Niliiangalia tena nakala yangu nikashukuru kwamba sikuwa nimeruka mstari.

Wakili mmoja kijana aliwahi kunisomea kesi ya Australia, Fox dhidi ya Percy, ya mwaka 2003. Mwanamke aliyepanda farasi aligongana na gari. Jaji aliyesikiliza alimwamini mpanda farasi, lakini alama za breki barabarani zilionyesha gari lilikuwa upande wake halali. Mahakama ya juu kabisa ikakubali kwamba alama zile zinashinda imani ya jaji juu ya uso wa shahidi. Niliposikia nilifikiria masale. Isale ni kama alama ya breki: limesimama pale, halina jamaa wala hasira, na halibadilishi maelezo. Lakini kwenye ile kesi kuna mtu aliyezipima alama na kuziandika. Sisi tulikuwa na "kujionea".

Mtu ataniuliza: je, lile kosa la kutoandika kilichoonekana shambani halikutosha kuvunja uamuzi? Lilijaribiwa. Wakili tuliyempata Mahakama Kuu, mtu makini, alilitoa. Jaji alijibu kwamba halikulalamikiwa kwenye rufaa ya kwanza, na kwamba kifungu cha 45 cha sheria ile ile kinakataza kutengua uamuzi kwa sababu ya dosari ya mwenendo isipokuwa imeonyeshwa kwamba dosari hiyo ilisababisha haki kupotea. Ili kuonyesha hivyo tulihitaji kusema masale yako wapi na ya nani. Wa kusema hayo alikuwa Bibi. Mjomba alisimama, akaomba kusema, akaanza na masale. Jaji alimsikiliza kwa heshima dakika mbili tatu, kisha akamwambia, "Mzee wangu, haya ninayosikia leo hayapo kwenye kumbukumbu." Hakumkatisha kwa ukali. Nadhani ingekuwa rahisi kwetu kama angekuwa mkali.

Ya kwenda Mahakama ya Rufani tuliyazungumza nyumbani. Kwa shauri lililoanzia kata, ilibidi Mahakama Kuu ithibitishe kwanza kwamba kuna hoja ya kisheria. Tulikaa na wakili jioni nzima kuitafuta, na kila tulichokuwa nacho kilikuwa ukweli wa mambo: nani alipanda, nani aliazima, lini. Mjomba mwenyewe ndiye aliyesema tuache.

Mambo yamebadilika tangu wakati ule. Mwaka 2021 mabaraza ya kata yaliondolewa mamlaka ya kuamua migogoro ya ardhi. Sasa yanasuluhisha tu, na yakishindwa ndani ya siku 30 mtu anakwenda Baraza la Wilaya. Maana yake ni kwamba shauri kama la mjomba leo lingeanza kusikilizwa Baraza la Wilaya, na Mahakama Kuu ingekuwa rufaa ya kwanza, yenye wajibu wa kupima ushahidi wote. Ni afadhali kubwa. Mwaka huo huo Kiswahili kikawa lugha ya mahakama, na hili nalo lilinigusa, kwa sababu nimechapa ushahidi mwingi uliotoka Kichaga kwa bibi, ukaingia Kiswahili kwa mkalimani, ukatua Kiingereza kwa kalamu ya hakimu, na mimi nikiwa mezani najiuliza yule bibi alisema nini hasa.

Hata hivyo bado jalada litakuwa jalada. Kwa hiyo ninapopigiwa simu siku hizi sizungumzii rufaa kwanza. Nauliza ushahidi unaanza lini. Nauliza nani aliona kwa macho yake na ana umri gani. Nawaambia shahidi akisema mpaka unatoka "pale mpaka pale" huku ananyoosha kidole, kidole hakichapwi; nimechapa "kuanzia pale mpaka pale" mara zisizohesabika, na hakuna jaji anayeweza kuipima. Aseme kutoka kwenye mparachichi mpaka kwenye mfereji, hatua ngapi, upande wa mlima au wa barabara. Nawaambia wamdodose shahidi wa upande wa pili palepale, kwa maana jambo lisilohojiwa linachukuliwa kuwa limekubaliwa. Baraza likienda shambani, waombe kwa adabu kilichoonekana kiandikwe na kisomwe mbele ya pande zote. Nawaambia pia waombe nakala ya mwenendo mapema, waisome kabla ya kuandika sababu za rufaa, na kila sababu itaje ukurasa.

Jumapili iliyopita, baada ya misa, alinifuata binti mmoja wa Uru. Mama yake ni mjane, na shemeji wa mama amelima kuvuka mpaka. Shauri lao linasikilizwa Alhamisi. Alisema wana mzee aliyekuwapo wakati kihamba kinagawanywa, ila ana miaka 91 na kutembea ni shida, hivyo walikuwa wamekubaliana wamwache apumzike, kama itabidi atakuja kwenye rufaa.

Nilimshika mkono tukakaa kwenye ngazi za kanisa. Tulipiga simu kwa mjukuu wa mzee, tukapiga kwa dereva wa bajaji anayejua ile njia ya mawe. Jana jioni nilikwenda mwenyewe kumwona mzee. Alinihesabia masale yote ya mpakani, moja moja, 14, na mawili akaniambia yalikufa mwaka wa mvua kubwa yakapandwa upya. Nikamwomba ayaseme hivyo hivyo barazani. Bajaji itakuwa mlangoni kwake saa 1 asubuhi.